Mzizi Unapumua: Hotuba kuhusu Kupanda Mimea ya Ndani kwenye Mawe Badala ya Udongo

Hotuba hii niliitoa mbele ya mkusanyiko wa wapenzi wa mimea ya ndani. Waliokosa kufika wameniomba maandishi yake, basi naiweka hapa yote kama nilivyoisema.

Ndugu zangu, wapenzi wa mimea, habari za jioni.

Nashukuru kwa kunipa nafasi hii. Hapa mezani nimeweka ndoo ya maji, sifongo la kuoshea vyombo, mfuko wa mawe, na chungu kimoja kilichofunikwa kitambaa cheusi. Hicho cha kitambaa tutakifunua mwishoni. Kwanza nawauliza swali, mnijibu kwa mikono. Nani hapa amewahi kuua mmea wa ndani?

Naona mikono yote. Haya, shusheni. Nani aliyeuua kwa kusahau kuumwagilia? Mmoja, wawili, watatu kule nyuma. Na nani aliyeuua kwa kuumwagilia mno?

Geukeni mtazame wenzenu. Karibu ukumbi mzima.

Mimi nami nimo humo. Shangazi yangu, Mungu amrehemu, aliniachia monstera aliyoilea miaka tisa. Alikuwa akiufuta ule mmea majani kwa kitambaa chenye unyevu, jani moja moja, huku akiongea nao. Nilipoupokea niliapa moyoni kwamba hautapungukiwa na kitu. Kila asubuhi nilitia kidole juu ya udongo, nikiona pamekauka namwaga maji. Baada ya miezi miwili majani yakaanza kunyong'onyea. Nikasema, una kiu huu. Nikaongeza maji. Yakanyong'onyea zaidi. Nikaongeza tena.

Siku niliyoutoa kwenye chungu, harufu iliyonipokea ilikuwa ya mayai viza. Udongo wa juu ulikuwa mkavu kweli, lakini wa chini ulikuwa tope jeusi. Nikashika mzizi mmoja kwa vidole viwili nikauvuta taratibu. Ganda lake likavuka kama soksi iliyolowa, nikabaki na uzi mwembamba mkononi. Nikajaribu wa pili, ikawa vilevile. Nikajaribu wa tatu. Sikujaribu wa nne.

Hapo ndipo nilipojifunza jambo ambalo nataka mwondoke nalo leo hata mkisahau mengine yote. Mzizi unapumua.

Jani hutengeneza sukari kwa mwanga wa jua, kisha huishusha sukari hiyo chini. Mzizi huiunguza kwa oksijeni, kama sisi tunavyofanya na chakula tunachokula, ili upate nguvu ya kuvuta madini na kuendelea kukua. Oksijeni ikikosekana, nguvu inakosekana, na mzizi usio na nguvu hauwezi kupokea hata maji yanayouzunguka. Ndiyo maana mmea wenye kiu hunyong'onyea, na mmea unaozama hunyong'onyea vilevile. Ukiutazama kwa juu huwezi kujua ni upi. Monstera ya shangazi ilikufa kiu huku imesimama majini, na mimi nilikuwa naimiminia mengine.

Oksijeni hupenya kwenye maji polepole mno, takribani mara 10,000 polepole kuliko inavyopita hewani. Kwa hiyo matundu ya udongo yakijaa maji yakabaki hivyo, mzizi umezibwa pua. Hapo huja vimelea vya kuozesha, kama vile Pythium, ambavyo vijimbegu vyake huogelea kwenye maji hayohayo kuutafuta mzizi uliodhoofika.

Mtaniuliza: mbona porini mvua hunyesha usiku kucha na miti haifi? Swali zuri. Ardhi ina kina. Maji hushuka, na kushuka, na kushuka. Kuna minyoo inayochimba, mizizi ya zamani iliyooza ikaacha njia, na mchwa. Chungu hakina hayo. Chungu kina kitako.

Tazameni sifongo hili. Nalichovya ndoo, nalitoa, nalishika likiwa limelala bapa. Linadondosha, linadondosha, sasa limeacha. Mngesema limemaliza, sivyo? Sasa nalisimamisha kwa upande wake mrefu. Mnaona? Maji yameanza kutoka tena, na sijalikamua. Likilala, kimo chake ni kifupi, na uzito wa maji hautoshi kuyashusha. Likisimama, maji ya juu yanasukuma ya chini. Kila chungu kina sehemu ya chini inayobaki imelowa hata baada ya matone kuacha kutoka kwenye matundu, na kimo cha sehemu hiyo hakiamuliwi na wingi wa matundu. Kinaamuliwa na ukubwa wa chembe ulizojaza. Chembe laini hushika maji hadi juu; chembe nene huyaachia yashuke.

Na wale mlioambiwa mtandaze kokoto chini ya chungu kisha udongo juu yake, nasikitika kuwaambia kwamba hilo halisaidii. Maji hayapendi kutoka kwenye udongo laini kwenda kwenye kokoto. Yatabaki mle kwenye udongo, ila sasa yameinuka na kuisogelea mizizi. Kokoto zifanye kazi zikijaza chungu kizima, au ziachwe.

Kuna jambo la pili kuhusu udongo wa chungu. Unaponunua ni mwepesi na laini kama keki. Baada ya mwaka mmoja au miwili, mmewahi kuona umeshuka vidole viwili chini ya mdomo wa chungu? Umekwenda wapi, na hakuna aliyeuchota? Sehemu kubwa ya kile tunachokiita udongo wa maua si udongo wa shambani. Ni piti, yaani mabaki ya mimea yanayokatwa kwenye vinamasi, na maganda na nyuzi za mimea iliyokufa, na vijidudu vinaula kidogo kidogo. Kile vinachokula hugeuka gesi kikaenda zake, na vumbi linalobaki hushuka na kuziba matundu ya chini. Unamwagilia kiasi kilekile ulichozoea, lakini chungu si kilekile tena. Ndiyo sababu mmea unaweza kustawi miaka miwili kisha ukafa mwaka wa tatu, na mwenyewe anaapa kwamba hakubadilisha kitu.

Jiwe haliozi, ndugu zangu. Tundu lililokuwapo siku ya kwanza litakuwapo mwaka wa kumi.

Msidhani tunaufanyia mmea ukatili tukiunyima udongo. Mingi ya mimea tunayoipenda haikutoka kwenye udongo mzito. Monstera na filodendroni hupanda juu ya miti ya misitu ya Amerika ya tropiki, na okidi nyingi zinazouzwa huishi zimeng'ang'ania magome, mizizi inaning'inia hewani. Na ule urujuani wa Afrika unaopatikana madirishani dunia nzima, Saintpaulia, ulipelekwa Ujerumani mwaka 1892 na Walter von Saint Paul-Illaire, afisa wa koloni wa Kijerumani, kutoka milima ya Usambara. Huko kwao huota kwenye miamba yenye kivuli, umejishikiza kwenye nyufa zenye udongo wa kupakaza kidole tu. Mmea huo ulijua kukaa kwenye jiwe kabla yetu.

Basi tuyatazame mawe yenyewe.

Hili hapa mnalifahamu wote. Ni pumisi, lile jiwe la kusugulia visigino. Volkano ilipolipuka, mawe yaliyoyeyuka yalijaa gesi yakatoka povu, kisha yakapoa kabla povu halijapasuka. Nalitupa kwenye ndoo, hilo linaelea. Jiwe linaelea! Ndani yake ni vyumba vidogo vidogo, vingine vinashika maji na vingine vinabaki na hewa. Kati ya chembe na chembe kuna mianya mikubwa ambayo maji hupita na hewa huingia nyuma yake. Mzizi ukikaa hapo unakunywa kwenye kuta na kupumua kwenye njia. Kama ningelazimika kuchagua jiwe moja tu la kupandia maisha yangu yote, ningechagua pumisi, na nisingesita.

Kuna mawe ya lava, mekundu au meusi, mazito kuliko pumisi. Hayo yanakifanya chungu kisianguke mmea ukirefuka. Kuna gololi za udongo wa kuchoma, ambazo hupitishwa kwenye tanuri la joto la karibu nyuzi 1,200 zikafura na kuwa na ganda gumu nje na mapovu ndani. Kuna perlaiti, kioo cha volkano kinachopashwa moto hadi kikafutuka kama bisi. Hiyo ilowesheni kabla ya kuichanganya, na mfunike pua, maana vumbi lake si zuri mapafuni. Vermikulaiti siipendi kwa mmea wa kudumu. Ni tabaka nyembamba zilizofunuka kama kurasa za kitabu, na zikikaa na maji muda mrefu hubonyea na kushikana.

Halafu kuna zeolaiti, na hapa naomba dakika mbili za hadithi.

Mwaka 1756 mtaalamu wa madini wa Sweden, Axel Fredrik Cronstedt, alilipasha moto jiwe fulani akaona linatokota na kutoa mvuke kama chungu jikoni. Jiwe kavu, lakini linatoa mvuke! Akaliita kwa maneno ya Kigiriki yenye maana ya jiwe linalochemka. Maji yalikuwa yamejificha ndani ya vijia vyembamba visivyoonekana kwa macho. Vijia hivyo havishiki maji tu. Kuta zake zina chaji hasi, kwa hiyo hunasa madini yenye chaji chanya, hasa potasiamu na amonia, kisha huyaachia taratibu mmea unapoyahitaji. Pumisi ni nyumba nzuri lakini haina stoo. Zeolaiti ndiyo stoo. Weka sehemu moja ya zeolaiti kwa sehemu nne au tano za pumisi na lava, utaona mmea unakusamehe siku ukichelewa kuulisha.

Kuhusu ukubwa, kwa mimea mingi ya sebuleni milimita 3 hadi 6 zinatosha. Chekecheni, tupeni vumbi, suuzeni mpaka maji yatoke maangavu. Msichoke kusuuza. Vumbi likibaki litashuka chini ya chungu na kutengeneza lile tope mlilolikimbia.

Sasa mama mmoja aliniuliza wiki iliyopita, kwa uchungu kabisa: "Mwanangu, jiwe halina rutuba. Mmea utakula nini?" Nilimwambia, mama, swali lako lina umri wa karibu miaka 400.

Katika karne ya 17 mwanasayansi Jan Baptist van Helmont alichukua pauni 200 za udongo uliokaushwa, akaujaza kwenye chungu kikubwa, akapanda mche wa mti wenye uzito wa pauni 5. Kwa miaka mitano hakuupa kitu ila maji. Akaukinga udongo na vumbi, asije akadanganyika. Miaka mitano ilipokwisha aliung'oa mti akaupima: pauni 169 na zaidi kidogo. Kisha akaukausha udongo akaupima tena. Nadhani alitegemea uwe umepungua sana. Ulipungua wakia 2. Karibu gramu 57 tu!

Mti uliongezeka kilo zaidi ya 70, na udongo ukatoa gramu 57. Alihitimisha kwamba mti wote umetokana na maji. Hapo alikosea, kwa sababu sehemu kubwa ya mwili mkavu wa mti hutokana na kaboni iliyomo hewani. Na inanigusa kila ninaposimulia kwamba ni mtu huyohuyo aliyetuachia neno gesi, naye hakujua kwamba gesi ndiyo iliyokuwa ikimjengea mti wake mbele ya macho yake.

Lakini mimi nazirudia zile wakia 2. Wengi husimulia hadithi hii wakazipuuza, kana kwamba ni makosa ya mizani. Huenda kiasi fulani kilipotea kwa njia nyingine, lakini humo ndani yalikuwamo madini. Mwaka 1860 hivi Wajerumani wawili, Julius von Sachs na Wilhelm Knop, walionyesha kwamba mmea unaweza kukua kwenye maji matupu, pasipo punje ya udongo, mradi maji hayo yametiwa chumvi za madini zinazohitajika. Leo tunahesabu elementi 17 ambazo mmea hauwezi kuishi bila hizo. Tatu, yaani kaboni, haidrojeni na oksijeni, huzipata hewani na kwenye maji. Zile 14 nyingine huingia kwa mizizi. Nitrojeni, fosforasi, potasiamu, kalsiamu, magnesiamu na salfa kwa wingi. Chuma, zinki, boroni na wenzake kwa chembe ndogo sana.

Basi udongo ni stoo, ndugu zangu. Mnapoondoa udongo mmeondoa stoo, na kazi ya stoo inakuja mikononi mwenu. Hili nalisema kwa uzito, kwa sababu nimewaona watu wakihamishia mimea kwenye mawe, wakashangilia mwezi wa kwanza, kisha mwezi wa nne wakaja kulia kwamba majani yamepauka. Uliulisha lini? "Sijaulisha." Basi umeuweka kwenye nyumba nzuri yenye hewa safi, na hakuna jiko.

Nami nililisha, lakini nililisha vibaya. Nilitumia mbolea ya maji niliyokuwa naitumia kwenye udongo. Majani mapya yakazidi kuwa madogo, na ya zamani yakaanza kugeuka manjano kutoka chini kwenda juu. Nikageuza chupa nikasoma maandishi madogo nyuma: karibu nitrojeni yote ilikuwa ya yurea. Yurea kwenye udongo hugeuzwa na vijidudu kuwa amonia, kisha naitreti ambayo mzizi huipokea kwa urahisi. Kwenye mawe yangu mapya yaliyosuuzwa vijidudu hivyo vilikuwa bado haba. Chakula kilikuwa mezani lakini hakijapikwa. Nilipobadilisha nikatumia mbolea ya madini yenye naitreti, kalsiamu na magnesiamu, jani lililofuata lilitoka likiwa kubwa na la kijani kibichi. Kwa hiyo kabla ya kununua, geuzeni chupa.

Na jani lisomeni kama mnavyosoma uso wa mtoto. Yakianza manjano majani ya zamani, jani zima, mara nyingi ni upungufu wa nitrojeni, maana mmea huihamisha kutoka kwa wazee kuwapa wachanga. Yakianza machanga, manjano huku mishipa imebaki kijani, ni chuma. Na mara nyingi chuma kipo ila maji yana chokaa nyingi na uchachu umeondoka, kwa hiyo mzizi haukipati. Maji ya mbolea yakiwa kati ya 5.5 na 6.5 kwa pH, kile kipimo cha uchachu, hali huwa nzuri kwa mimea mingi.

Kipimo? Anzeni na nusu ya kilichoandikwa. Na mara moja kwa mwezi, au mkiona ukungu mweupe wa chumvi umetanda juu ya mawe, mwagieni maji matupu mengi kutoka juu yapite mpaka chini, myamwage. Maji huruka hewani lakini chumvi hubaki, na ikikusanyika huanza kuunyonya mzizi badala ya mzizi kuinyonya.

Nimefika kwenye jambo linalowashinda wengi, nalo ni kuhama.

Rafiki yangu wa karibu alihamisha yungiyungi wake wa ndani, ule wenye ua jeupe kama tanga. Aliufanyia kila kitu sawa. Alimwaga udongo, akailoweka mizizi, akaiosha kwenye maji ya uvuguvugu mpaka haikubaki punje, akakata iliyooza kwa mkasi safi. Wiki ya kwanza majani mawili yakawa manjano. Wiki ya pili la tatu. Akanipigia simu usiku, sauti inatetemeka, akisema ameuua. Nikamwomba asubiri. Kesho yake hakuweza kuvumilia, akaung'oa ili aurudishe kwenye udongo. Na pale kwenye mizizi ya zamani iliyokuwa ya kahawia akaona vitu vyeupe, vinene, vyenye urefu wa ukucha, vimechomoza kila mahali. Vingine vilikuwa vimekwisha kukumbatia punje za pumisi, na alipovuta vikakatika.

Aliniambia alikaa chini sakafuni.

Mzizi ulioota udongoni umejijenga kwa maisha ya udongoni. Ukiutia kwenye mawe yenye unyevu mwingi, sehemu yake itakufa, na mmea utaota mingine inayofaa pale, minene, yenye nafasi za hewa ndani yake. Wakati huo mmea unapunguza majani kwa sababu hauwezi kuyanywesha yote. Kumbe manjano yale yalikuwa gharama ya ujenzi. Ngojeni. Wiki nne, wiki sita, wakati mwingine zaidi. Uwekeni penye mwanga wa kutosha usio wa jua kali, msiulishe mbolea kali, na msiuchimbe. Tafadhali msiuchimbe.

Kwa wenye vyungu vya tangi chini na boya la kuonyesha maji: msijaze tangi siku ya kwanza. Mwagilieni kutoka juu mpaka mizizi ishuke yenyewe. Mawe hupandisha maji kama utambi unavyopandisha mafuta ya taa, lakini mzizi mchanga ulio juu hautafika tangini kwa wiki ya kwanza. Ukishakuwa na nguvu, jazeni tangi, acheni liishe, kisha acheni likae tupu siku mbili tatu kabla ya kujaza tena. Siku hizo tupu ndizo siku za kupumua. Nimeona watu wanalijaza kila boya linaposhuka kidogo, na wameuhamishia ugonjwa wa udongo kwenye mawe.

Sitawaficha upande mwingine. Chungu cha mawe ni kizito. Kagueni rafu zenu. Mimea yenye mizizi membamba kama nywele, kama vile kangaga lenye majani laini, hukauka haraka kwenye mawe makubwa, na mimi kangaga langu nimeliacha kwenye udongo wake na tunaelewana. Mimea inayokula wadudu isiwekwe huku kabisa, haitaki madini. Vile vijidudu vyeusi vinavyoruka puani mkimwagilia hupungua sana, kwa sababu hutaga kwenye mabaki yenye unyevu, na ukavu wa juu wa mawe hauvipi makazi.

Na mawe nayo huchimbwa, gololi huchomwa kwa nishati nyingi. Hili limenisumbua moyo. Lakini piti nayo hukatwa kutoka kwenye vinamasi ambavyo hujijenga kwa karibu milimita moja kwa mwaka. Vinamasi hivyo vinachukua kama asilimia 3 ya nchi kavu ya dunia, na vimehifadhi kaboni nyingi kuliko misitu yote ikiwekwa pamoja. Piti tunaitupa baada ya miaka miwili. Mawe nayachemsha, nayasuuza, nayaanika, na mmea mwingine unaingia. Pumisi iliyo kwenye mfuko huu imekwisha kulea mimea minne. Kununua mawe mara moja na kuyatupa pamoja na mmea uliokufa, hapo sijaona faida yoyote. Mkifanya hivyo bora mbaki na udongo.

Sasa tufunue kitambaa.

Hiki ni chungu cha kioo. Nakifunika kwa sababu mwanga ukifika kwenye maji ya mbolea huotesha mwani. Huu ni monstera. Siku ile nilipoona mizizi ya shangazi imekwisha, nilikata kipande kimoja cha shina kilichokuwa bado kigumu, chenye fundo moja na jani moja lililopasuka ukingoni. Nikakichomeka kwenye pumisi, na kwa wiki saba hakikufanya lolote. Leo kina majani kumi na moja, nami huyafuta kwa kitambaa chenye unyevu.

Sogeeni karibu, msiogope, zungukeni meza. Tazameni upande huu, chini kidogo ya kidole changu, kati ya mawe mawili. Ile ncha nyeupe yenye manyoya laini kama vumbi la unga, jana asubuhi haikuwapo. Mliokuja na mimea yenu, ndoo hii ni ya kuoshea mizizi, na mkasi uko hapa. Nani anaanza?